Kalvati, Buti na Bahasha: Memories of Murder Inamshtaki Nani?

Septemba 2019 polisi wa Korea Kusini walitangaza kwamba vipimo vya vinasaba vimemfikia mtu aliyefanya mauaji ya Hwaseong, kesi iliyowashinda kwa zaidi ya miaka 30. Kwa kawaida habari ya aina hiyo hubaki kwenye kurasa za mahakama. Hii ilikwenda moja kwa moja kwenye sinema, kwa kuwa mamilioni ya watu, ndani na nje ya Korea, walikuwa wameifahamu kesi hiyo kupitia Memories of Murder, filamu ya mwaka 2003 ya mwongozaji Bong Joon-ho, inayomalizika bila muuaji kukamatwa wala kujulikana.

Tangu hapo filamu imezungukwa na maswali yanayogongana. Wapo wanaosema fumbo limeteguliwa, kwa hiyo mwisho wake umepoteza nguvu. Wapo wanaotaka kujua iwapo yule kijana mwenye mikono laini, mshukiwa wa mwisho kwenye filamu, ndiye aliyekamatwa. Wengine walisikia kuwa ni filamu ya kisiasa, wakaitazama kwa zaidi ya saa mbili wasione bunge, chama wala rais, wakabaki wakijiuliza siasa iko wapi. Na wapo wanaohoji jambo zito zaidi: ilikuwa halali kugeuza vifo vya wanawake halisi kuwa burudani, tena yenye vichekesho?

Maswali haya yamechanganywa na hayana budi kutenganishwa. Lipo la historia, lipo la maana ya filamu, lipo la haki za waliouawa. Yote yanakutana kwenye moja: filamu hii inamshtaki nani?

Yaliyotokea Hwaseong

Kati ya Septemba 1986 na Aprili 1991, wanawake na wasichana 10 waliuawa Hwaseong na viunga vyake, eneo la mashamba ya mpunga katika mkoa wa Gyeonggi, kusini mwa Seoul. Mdogo wao alikuwa na miaka 13, mkubwa 71. Wengi walinyongwa kwa nguo walizokuwa wamevaa. Polisi waliwachunguza watu zaidi ya 21,000, na zikijumlishwa siku za kazi za askari wote waliotumwa kwenye msako ule, hesabu inapita milioni 2. Hakupatikana mtu. Kulikuwa na kasoro moja tu kwenye hesabu hiyo: mauaji ya nane, ya msichana wa miaka 13 aliyeuawa nyumbani kwao mwaka 1988. Polisi walisema hayo ni ya mtu mwingine aliyeiga, na kwamba wamekwisha kumkamata. Kasoro hiyo itarudi baadaye katika uchambuzi huu, kwa sababu ndimo uzito wote ulimolala.

Mauaji yalianza nchi ikiwa chini ya Jenerali Chun Doo-hwan, aliyejitwalia madaraka kwa mapinduzi ya Desemba 1979. Mei 1980 jeshi lake liliuzima kwa damu upinzani wa raia mjini Gwangju. Januari 1987 mwanafunzi wa chuo kikuu, Park Jong-chul, alifia mikononi mwa polisi akiteswa kwa maji. Maelezo ya kwanza ya polisi yalikuwa kwamba ofisa aligonga meza kwa nguvu, kijana akaanguka akafa. Uongo huo uliwasha moto. Kufikia Juni mitaa ilikuwa imefurika waandamanaji, utawala ukakubali uchaguzi wa rais wa kura za moja kwa moja, nao ukafanyika Desemba 1987. Mwaka uliofuata Seoul ikaandaa Olimpiki.

Kwa hiyo kijiji kikiwa kinazika mabinti zake, taifa lilikuwa linang'oka kutoka udikteta kwenda demokrasia, kutoka jembe kwenda kiwandani. Mwaka 1996 mwandishi wa michezo ya kuigiza Kim Kwang-rim alipeleka kesi hiyo jukwaani. Miaka saba baadaye Bong, akiwa na filamu ndefu moja tu nyuma yake, aliichukua tamthilia hiyo, akaongeza utafiti wake mwenyewe na kuipeleka kwenye majaruba ya mpunga. Iliuza tiketi zaidi ya milioni 5 nchini mwake.

Msimamo wa kwanza: mkosaji ni dola

Wahakiki wengi, hasa wa Korea, wanaisoma filamu kama hati ya mashtaka dhidi ya utawala wa Chun. Hoja yao ina ushahidi mwingi, ingawa mtazamaji asiyeijua historia anaweza kuupita bila kuuona.

Ushahidi wa kwanza ni simu. Makachero wameshang'amua kuwa muuaji hutoka usiku wa mvua, baada ya wimbo fulani kupigwa redioni. Mvua inanyesha, wimbo unapigwa. Wanaomba askari wa kutosha kuzunguka mashamba. Jibu linakuja: hakuna askari, wote wamepelekwa kuzima maandamano. Hakuna hotuba inayofuata. Simu inakatwa, na mvua inaendelea kunyesha.

Ushahidi wa pili ni giza. Siku za mazoezi ya kujihami dhidi ya Korea Kaskazini, king'ora hulia na kila nyumba huzima taa. Bong anaonyesha wenye maduka wakivuta milango yao ya chuma mmoja baada ya mwingine, mtaa ukimezwa na giza kwa amri ya serikali, wakati huohuo mwanafunzi wa kike akiburutwa kichakani. Taa zilizozimwa ili kumlinda raia zinampa muuaji kificho. Hapo siasa imeingia kwenye filamu kupitia swichi ya taa, na ndiyo maana anayeitafuta bungeni haioni.

Ushahidi wa tatu ni buti. Kachero Cho Yong-koo ana kazi moja: kupiga. Kabla ya kumkanyaga mshukiwa huvalisha buti lake kifuniko cha kitambaa, kwa utaratibu uleule wa mtu anayevaa aproni kabla ya kuingia jikoni. Baadaye, kwenye mgahawa, televisheni inatangaza habari za ofisa wa polisi wa Bucheon aliyemtesa kingono mwanamke aliyekuwa kizuizini, kashfa halisi ya mwaka 1986. Vijana waliokaa meza ya pili wanawatukana polisi, Cho anaanzisha ugomvi, na katika vurugu ile ubao wenye msumari wa kutu unamchoma mguuni. Pepopunda inaingia. Mguu unakatwa, uleule wa buti. Habari ya televisheni na mguu wa Cho vimefungwa kwenye tukio moja, na mwenye macho anaona kwamba mwongozaji ametoa hukumu.

Nguvu ya usomaji huu ni kwamba unaeleza mambo ambayo bila huo yangeonekana mapambo: king'ora, askari waliokosekana, taarifa ya habari. Unaeleza pia kwa nini filamu iligusa Wakorea kwa namna ya pekee. Mwaka 2003 watu wa makamo walikuwa bado wanaikumbuka sauti ya king'ora kile.

Udhaifu wake ni urahisi. Ukiutupa mzigo wote kwa Chun, lawama inazikwa pamoja na utawala wake, na mtazamaji anatoka ukumbini akiwa msafi. Tarehe nazo zinakataa. Uchaguzi wa Desemba 1987 haukuzuia mauaji. Yaliendelea hadi 1991. Kama udikteta peke yake ndio ulioficha muuaji, ilitarajiwa aonekane ulipoondoka.

Msimamo wa pili: mkosaji ni uhaba wa maarifa

Kundi la pili linaitazama filamu kama hadithi ya polisi wa shamba waliokutana na uhalifu wa zama mpya bila zana wala elimu. Muuaji wa mfululizo alikuwa jambo geni kwao. Walijua wezi wa ng'ombe na walevi wanaopigana.

Tukio linalobebeshwa hoja hii ni miongoni mwa matukio yaliyopangwa kwa ustadi mkubwa katika sinema ya Korea. Mwili umepatikana kando ya shamba. Kamera inamfuata kachero Park Doo-man, aliyeigizwa na Song Kang-ho, kwa mkupuo mmoja mrefu usiokatwa. Watoto wanakimbia huku na huko, wakubwa wa polisi wanateleza kutoka ukingoni na kuanguka, mafundi wa uchunguzi hawajafika. Njiani kuna alama moja ya kiatu, labda ya muuaji. Park anapiga kelele ilindwe. Trekta linakuja polepole, linaikanyaga, linaondoka. Kosa hapo limegawanywa kwa kila mtu aliyekuwepo, kiasi kwamba hakuna wa kuadhibiwa.

Park anaamini ana macho ya mganga: akimtazama mtu usoni anajua ni mwovu au la. Anakwenda kwa mganga wa kweli kununua hirizi. Anashinda kwenye mabafu ya umma akiwachunguza wanaume wasio na nywele mwilini, kwa kuwa muuaji haachi nywele. Kutoka Seoul anatumwa Seo Tae-yoon, kachero anayeamini kwamba nyaraka hazisemi uongo. Anasoma mafaili, anabaini kwamba mwanamke aliyeripotiwa kupotea ni marehemu tayari, na mwili unafukuliwa hapo alipokisia. Kijiji dhidi ya mji, hisia dhidi ya sayansi.

Usomaji huu una ukweli wa kihistoria. Korea ya wakati ule haikuwa na uwezo wa kulinganisha vinasaba. Katika kesi halisi sampuli zilipelekwa Japani. Filamu inazipeleka Marekani, mabadiliko madogo yenye maana: taifa lililoishi chini ya mwavuli wa kijeshi wa Marekani linasubiri kutoka hukohuko hata jibu la nani amewaua binti zake. Bahasha inapofika, kwenye mvua, mdomoni mwa handaki la reli, karatasi ya Kiingereza inasema sampuli hazilingani kiasi cha kumtia mtu hatiani.

Lakini ni palepale, kwenye bahasha, ndipo msimamo wa pili unapoyumba. Seo, mtu wa nyaraka, anaisoma, anaikataa, anamwelekezea bastola Park Hyeon-gyu, yule kijana mwenye mikono laini, ili amuue bila hukumu. Kilichomgeuza kinajulikana. Mwanafunzi aliyeuawa alikuwa na plasta mgongoni, na Seo aliitambua kwa sababu mkono wake mwenyewe ndio ulioibandika siku chache kabla. Naye Park, mtu wa macho ya mganga, anamshika kijana kidevu, anamtazama kwa muda mrefu, kisha anakiri hajui. Wawili hao wamebadilishana nafasi. Kama filamu ingekuwa inasema tatizo ni uhaba wa sayansi, ingemwacha mwanasayansi wake asimame. Imemwangusha.

Msimamo wa tatu: wanawake walionyamazishwa

Ukosoaji wa tatu hauwatafuti wakosaji ndani ya filamu tu. Unaielekea filamu yenyewe. Wanawake wanauawa, wanapigwa picha, wanalazwa mezani, halafu hadithi inarudi kwa wanaume: hasira zao, ugomvi wao, machozi yao. Maisha ya waliouawa hayajulikani. Wengi wao wanakumbukwa kwa rangi ya nguo waliyovaa, nyekundu, kwa sababu makachero wanadhani ndiyo inayomvutia muuaji.

Hoja hii haiwezi kupuuzwa. Hata mwanafunzi mwenye plasta, msichana pekee aliyepewa nafasi ya kuongea vya kutosha kabla ya kufa, kifo chake kinatumika kumwonyesha Seo akivunjika. Uchungu wa mwanamume umechukua nafasi ya uchungu wa mama wa mtoto, ambaye hatumwoni.

Wanaoitetea filamu wanataja ofisa Kwon Kwi-ok. Ni mwanamke pekee kwenye kitengo, na wenzake wanamwona wa kuandaa chai. Ndiye anayegundua uhusiano wa wimbo wa redioni na usiku wa mauaji. Ndiye anayeketi na mwanamke aliyenusurika, na kwa kumsikiliza taratibu anapata maelezo ya pekee ya maana kuhusu mhalifu: mikono yake ilikuwa laini. Vielelezo viwili vya thamani kuliko vyote katika upelelezi vimetoka kwa mtu asiyepewa kiti mezani, naye alivipata bila kumgusa mtu. Wanaume wamepiga, wametundika watu kichwa chini, wamemchimbisha kijana shimo lake msituni, na mikono yao imerudi mitupu.

Kwa hiyo filamu inalijua tatizo la wanawake kutosikilizwa, na inalionyesha kwa akili. Inashindwa kulitibu ndani ya umbo lake yenyewe. Mambo hayo mawili ni ya kweli kwa pamoja, na anayechagua moja tu anaipunja filamu au anawapunja waliouawa.

Msimamo wa nne: uhalali wa kuitengeneza

Mwaka 2003 kesi ilikuwa bado wazi. Familia zilikuwa hai, na kwa uwezekano mkubwa muuaji pia. Je, ilifaa kuweka vichekesho juu ya makaburi yale? Filamu inaanza na kachero anayebishana na mtoto anayemwiga kila neno, huku maiti imelala ndani ya kalvati chini yao. Inaendelea na kachero wa Seoul kudhaniwa mbakaji na kuangushiwa teke na mwenzake barabarani. Ukumbi unacheka.

Upande mmoja unasema kicheko hicho ni dharau. Upande wa pili unaona ni mtego uliowekwa kwa makusudi. Mtazamaji anacheka polisi wanapogandamiza raba ya Baek Kwang-ho, kijana mwenye ulemavu wa akili, kwenye udongo ili kutengeneza alama bandia ya kiatu. Baadaye anagundua kwamba Baek hakuwa mhalifu, alikuwa shahidi aliyeyaona mauaji kwa macho yake, na kwamba kipigo kilimfunga mdomo mtu ambaye neno lake moja lingetosha. Baek anakufa kwa kugongwa na treni, akiwakimbia haohao waliokuja sasa kumbembeleza aseme. Kicheko cha mwanzo kinamrudia aliyecheka.

Upo pia utetezi wa kiutendaji: filamu iliiweka kesi mdomoni mwa watu. Kwa sheria ya wakati ule, ukomo wa mashtaka ya mauaji ulikuwa miaka 15, na wa mauaji ya mwisho ulifika Aprili 2006. Mjadala juu ya kesi zisizotatuliwa, Hwaseong ikiwa miongoni mwa zilizotajwa sana, ulikuwa sehemu ya shinikizo lililofanya ukomo uongezwe hadi miaka 25 mwaka 2007 na kufutwa kabisa kwa mauaji mwaka 2015. Kusema filamu moja ndiyo iliyobadili sheria ni kutia chumvi. Kusema haikuchangia kuiweka kumbukumbu hai nako ni kukosa haki.

Miaka 16 baadaye

Mtu aliyetajwa Septemba 2019 ni Lee Choon-jae. Hakuwa mafichoni. Alikuwa katika gereza la Busan, akitumikia kifungo cha maisha kwa kumuua shemeji yake mwaka 1994. Alikiri kuua watu 14, wakiwemo wote 10 wa Hwaseong. Mashtaka hayakuwezekana kwa sababu ya ukomo. Hakuwa kijana yule wa kwenye filamu. Mshukiwa wa mwisho wa Bong ni mhusika wa kisanii, na mtu halisi ambaye sampuli zake zilipimwa nje ya nchi hakulingana.

Polisi walikuwa wamemhoji Lee zaidi ya mara moja enzi za msako. Walimwacha, pamoja na sababu nyingine, kwa kuwa waliamini damu ya muuaji ni kundi B, na yake ni O. Hapa ilikuwepo sayansi, ikawapotosha.

Kilicho kizito kuliko vyote ni ile kasoro kwenye hesabu. Lee alisema mauaji ya nane pia ni yake. Mtu aliyekuwa amefungwa kwa mauaji hayo alikamatwa mwaka 1989 akiwa na umri wa miaka 22. Alikuwa fundi wa mashine za kilimo, mguu wake umepooza kwa polio tangu utotoni, hana elimu ya kutosha wala mtu wa kumsemea. Alikiri baada ya kunyimwa usingizi na kuteswa. Ungamo lake lilitiwa nguvu na uchambuzi wa maabara wa unywele, uliowasilishwa kama sayansi ya hali ya juu. Alikaa gerezani miaka 20, akaachiwa kwa msamaha wa masharti mwaka 2009. Desemba 2020 mahakama ya Suwon ilimtangaza hana hatia, ikasema ungamo lilipatikana kinyume cha sheria na ushahidi wa kitaalamu ulikuwa na dosari.

Tarehe hizi zikiwekwa kando ya filamu, mizani inainama vingine.

Kwanza, mtu huyo alifungwa mwaka 1989, baada ya udikteta kutoa nafasi kwa uchaguzi. Msimamo wa kwanza unabaki na nusu ya ukweli: udikteta uliwafundisha polisi kutesa, lakini tabia haikuondoka na rais. Uchunguzi wa baadaye ulionyesha pia kwamba mwaka huohuo mpelelezi alificha mabaki ya mtoto wa kike aliyepotea, ili jalada libaki la mtu aliyetoweka.

Pili, maabara ilitumika kumfunga asiye na hatia. Msimamo wa pili, kwamba vifaa vingeokoa, unapoteza sehemu kubwa ya uzito wake. Vifaa vilimpata Lee mwaka 2019, ni kweli, kwa kuwa vielelezo vya zamani vilihifadhiwa na mbinu zimekua. Ila mwaka 1989 vifaa vilipewa kazi ya kuthibitisha jambo ambalo buti lilikuwa limekwisha kuliamua.

Tatu, wakati watu milioni 5 wanaingia kumbini mwaka 2003 kuwasikitikia washukiwa wa kubuni, mshukiwa halisi alikuwa kwenye mwaka wake wa 14 gerezani, na karibu hakuna aliyeuliza. Kwenye filamu, wanaoteswa huachiwa au hufa kwa bahati mbaya. Hakuna anayehukumiwa. Filamu inayosifiwa kwa ukali wake ilikuwa, kwenye jambo hili, pole kuliko hali yenyewe. Bong hakuficha kitu. Jalada la nane lilihesabika limefungwa, na alifanya kazi na yaliyojulikana. Lakini inafaa isemwe waziwazi, kwa sababu inaonyesha jinsi uongo wa polisi ulivyoweza kumpita hata msanii aliyewachunguza kwa makini vile.

Nne, na hapa ndipo filamu inaporejesha heshima yake, mashtaka yaliyobaki imara ni yale yasiyotegemea nani alikuwa muuaji. Ni mashtaka dhidi ya njaa ya kupata mkosaji. Wakubwa wanamtaka mkosaji kwa ajili ya magazeti, Cho kwa ajili ya kazi yake, Park kwa ajili ya sifa, Seo kwa ajili ya plasta ile. Mtazamaji naye anamtaka. Kwa saa mbili Bong anamlisha dalili: mvua, wimbo, mikono laini, uso mtulivu mno wa Park Hyeon-gyu. Kufikia handakini, watu wengi ukumbini wanatamani Seo afyatue. Wanatamani kifo cha mtu ambaye karatasi imesema haijamthibitisha. Wamekuwa polisi wa Hwaseong bila kuvaa buti.

Swali la "ni yeye au si yeye?", lililoulizwa upya na wengi mwaka 2019, ni mwendelezo wa njaa hiyohiyo. Bong aliirudia mada hii mwaka 2009 katika Mother, ambamo mama anaficha ukweli ili kumwokoa mwanawe, na kesi inamwangukia kijana mwingine mwenye ulemavu asiye na mama wa kumtetea. Msimulizi aliyeanza na polisi amehamia ndani ya familia, na mtu wa mwisho kwenye ngazi ndiye bado anayelipa.

Kwa muhtasari

Wanaosema filamu inaushtaki utawala wa Chun wana ushahidi wa simu, giza na buti, ila wanaishia mapema mno, maana mateso yaliuvuka mwaka 1987. Wanaosema inaulaumu uhaba wa maarifa wanaeleza trekta na alama ya kiatu, lakini hawawezi kueleza bastola ya Seo wala unywele wa maabara uliomfunga fundi. Wanaodai wanawake wamesukumwa pembeni wako sahihi kuhusu umbo la filamu, hata kama ofisa Kwon anaonyesha kwamba mwongozaji alijua gharama ya kutowasikiliza. Wanaohoji uhalali wake wanaikumbusha sinema deni lake kwa familia, deni ambalo filamu imelilipa kiasi kwa kukataa kesi isahauliwe na kwa kumgeuzia mtazamaji kicheko chake.

Kupatikana kwa muuaji hakukuzima filamu. Kumeondoa swali lililokuwa likiwavuta watu mbali na kiini chake. Tukio la mwisho, Park akiwa sasa muuzaji wa mashine za juisi, amesimama karibu na kalvati ileile mwaka 2003, akiambiwa na msichana mdogo kuwa hivi karibuni mtu mwingine alikuja kuchungulia humo, mtu mwenye sura ya kawaida tu, linamalizika kwa kachero kuitazama kamera usoni. Bong ameeleza kwamba alitaka macho ya Park yakutane na ya muuaji, endapo angekuwa ukumbini. Lee aliitazama filamu hiyo akiwa gerezani; akitoa ushahidi mahakamani Novemba 2020, alisema hakuhisi chochote. Mtazamo ule, kumbe, ulikuwa ukiwafikia wengine wote waliokaa kwenye viti.

Na lipo tukio la mwanzoni ambalo watazamaji wengi hulisahau. Mkuu wa Park anamwonyesha vijana wawili wanaoandika maelezo kituoni. Mmoja ni mbakaji, mwingine ni kaka wa msichana aliyebakwa, aliyemkamata na kumleta. Anamwambia Park atumie macho yake ya mganga aseme yupi ni yupi. Park anawatazama, kamera inawatazama, tukio linakatika. Jibu halitolewi popote katika filamu.